Kutofungamana Kuna Bili Yake

Hapa Moshi ukikaa kijiweni muda wa kutosha siasa za dunia lazima zifike, na siku hizi zikifika swali ni moja tu, hivi sisi tuko kwa Mchina au kwa Mmarekani? Linaulizwa kama mtu anavyokuuliza Simba au Yanga, yaani lazima uchague, ukisema huna timu unaonekana unaficha. Alafu kuna mmoja, kila kijiwe kinaye, atakohoa kidogo aseme sisi hatufungamani na upande wowote, tangu enzi za Mwalimu, basi, mada imefungwa, muuza kahawa anaongeza vikombe.

Mimi hilo jibu linanikera. Sio kwamba ni uongo, linanikera kwa sababu linasemwa kirahisi mno, kama vile kutofungamana ni kukaa pembeni ukiangalia wakubwa wanazozana. Ile methali ya tembo na nyasi leo tuiache kabisa, maana nyasi hazina la kufanya, ila nchi ndogo inalo la kufanya, tena kila siku, na kila ikifanya kuna bili inakuja. Mimi nauza spea za magari, sio mhadhiri wa chuo, kwahiyo nitaliangalia jambo hili kwa jicho la muuza spea: nani alilipa, alilipa na nini, na ilikuwaje siku mfuko ulipokuwa mtupu.

Tuanze 1964, katikati ya vita baridi, Magharibi ya Mmarekani dhidi ya wakomunisti wa Moscow. Tanganyika ina miaka miwili na ushee ya uhuru. Januari wanajeshi wanaasi mpaka Mwalimu Nyerere analazimika kuwaita Waingereza waje wawatulize, jambo ambalo mwenyewe alilihesabu ni aibu ya taifa, Aprili 26 tunaungana na Zanzibar, na Zanzibar haikuja mikono mitupu, ilikuja na ubalozi wa Ujerumani Mashariki, ile ya kikomunisti. Hapo ndo balaa lilipoanzia. Wajerumani wa Magharibi, wale ambao mji mkuu wao ulikuwa Bonn, walikuwa na msimamo wao tangu 1955 uliobeba jina la ofisa wao Hallstein, kwamba nchi yoyote ikiitambua Ujerumani Mashariki basi uhusiano na Bonn uko hatarini. Na hao hao Bonn ndo walikuwa wanatusaidia kwenye mambo ya jeshi la anga na la majini. Sasa utafanyaje? Ukiufunga ubalozi wa wale wa Mashariki, Zanzibar inanuna na Muungano wenyewe haujakauka wino, ukiuacha, Bonn wanaondoka.

Mwalimu akatafuta njia ya katikati, Februari 1965 wale wa Mashariki wakaambiwa hamtakuwa na ubalozi, mtakuwa na konsuleti Dar es Salaam, tena bila kutambuliwa kamili kama nchi. Kila mtu kapata nusu. Bonn hata hiyo nusu hawakuitaka, wakakata msaada wa kijeshi. Na jibu la Mwalimu ndo linanifanya niweke kikombe chini kila nikilikumbuka: kama mmetumia msaada mmoja kutubana, basi na ule mwingine wa serikali yenu uchukueni. Nchi haina kitu, watu milioni kumi na kitu, wengi hata viatu hawana, inakataa pesa. Wakaja Wakanada kufundisha jeshi letu, na Kanada, kwa wanaodhani Mwalimu alishahamia upande wa pili, ni mwanachama wa NATO, ule umoja wa kijeshi wa Magharibi.

Mwaka huo huo hata haujaanza vizuri, Januari, wanadiplomasia wawili wa Marekani walifukuzwa kwa tuhuma za kupanga njama dhidi ya serikali, mmoja alikuwa Frank Carlucci wa pale Zanzibar, ambaye baadaye sana, 1987, akaja kuwa waziri wa ulinzi wa Marekani. Washington nao wakamfukuza wa kwetu. Juni akaja Zhou Enlai, waziri mkuu wa China. Alafu Desemba 15 tukavunja uhusiano na Uingereza kwa sababu ya Rhodesia, Zimbabwe ya leo, Ian Smith alikuwa kajitangazia uhuru wa wazungu wachache na London haikutaka kumshughulikia, Afrika ikakubaliana kuvunja uhusiano, na nchi nyingi zilizopiga makofi kwenye kikao zikaenda nyumbani zikanyamaza. Sisi tukavunja kweli. Mkopo wa pauni milioni 7.5 uliokuwa njiani ukaganda hapo hapo. Hebu fikiria waziri wa fedha wa mwaka ule alikuwa analalaje.

Kwahiyo nikisikia mtu anasema Azimio la Arusha lilikuwa ni ndoto ya vitabuni namwambia hapana, ile sehemu ya fedha ilitoka kwenye vidonda. Lilipotangazwa Februari 5, 1967, lile suala kwamba ukiitegemea pesa ya mgeni kwa maendeleo yako unahatarisha uhuru wako, watu wake walikuwa wametoka kuumia nalo miaka miwili tu nyuma. Unaweza kupinga mengine yote ya lile Azimio, na mimi yako ninayoyapinga kwa nguvu tu, muulize mfanyabiashara yeyote wa Kichagga atakusimulia, ila hilo la utegemezi lilikuwa na risiti.

Sasa reli.

Zambia haina bahari, shaba yake ilikuwa inapita kwa huyo huyo Smith, kwahiyo ilitakiwa njia nyingine ya kwenda Dar. Wakubwa wa Magharibi na Benki ya Dunia wakasema reli hiyo hailipi. China, ambayo yenyewe ilikuwa maskini wa kutupwa, ikasema tutajenga, mkataba ukasainiwa Beijing Septemba 1967, mkopo usio na riba, kazi ikaanza 1970 na 1975 reli ikawa imekamilika, kilomita 1,860 kutoka Dar mpaka Kapiri Mposhi kule Zambia. Wachina zaidi ya 60 walifia kwenye kazi ile. Na kuna kitu watu wanakisahau, gharama za humu ndani, mishahara na nini, zililipwa kwa kuuza bidhaa za China madukani kwetu, ndo maana wazee wanazikumbuka bidhaa za Kichina za miaka ile, ulikuwa ukinunua beseni unajenga reli bila kujua.

Lakini angalia kilichotokea pembeni. Wamarekani walipoona Mchina anakuja na reli, wakajitokeza kufadhili sehemu ya barabara ya kwenda Zambia. Waitaliano wakawa wameshajenga bomba la mafuta, likaanza kazi 1968. Yaani safari ile ile ya Dar kwenda Zambia ikapata reli ya mkomunisti, lami yenye pesa ya bepari, na bomba la Mtaliano. Hapo ndo unaona faida ya kutokuwa mke wa mtu. Wanaosema hakuna faida waje waniambie ni nchi gani iliyokuwa imefungwa kamba na mmoja ikapata vyote vitatu.

Bili ya reli ilikuja baadaye na ilikuja kwa jina la mtu. Oktoba 25, 1971 Umoja wa Mataifa ulipiga kura kuirudisha China ya Beijing kwenye kiti kilichokuwa kinakaliwa na Taiwan, kura 76 kwa 35, Tanzania ikiwa miongoni mwa nchi zilizodhamini azimio, na balozi wetu pale New York alikuwa kijana Salim Ahmed Salim. Ukumbi ulilipuka kwa shangwe, Wamarekani wakaumia sana. Miaka kumi ikapita. 1981 Salim anagombea ukatibu mkuu wa Umoja wa Mataifa, Marekani anamwekea veto, China nayo inamwekea veto Kurt Waldheim aliyekuwa anataka muhula wa tatu, raundi baada ya raundi, mara 16, mpaka wote wawili wakakaa pembeni akachukua Javier Pérez de Cuéllar wa Peru. Mtu mwenye sifa zote alilipia msimamo wa nchi. Nchi kubwa hazisahau, zinasubiri tu.

Ukitaka kuiona siasa hiyo kwa macho huhitaji kwenda Dar wala New York, panda Coaster hapa Moshi uende Arusha. Kabla hujatoka mjini una KCMC, ilifunguliwa 1971 na pesa za makanisa na wafadhili wa nje, Ujerumani Magharibi ikiwemo, miaka sita tu baada ya ule ugomvi na Bonn. Ukifika wilaya ya Hai kuna kiwanda cha zana za mashine, KMTC, hicho mkono wa Wabulgaria, nchi ya kikomunisti kabisa. Mbele kidogo unakunja kwenda KIA, uwanja wa ndege uliojengwa kwa mkopo wa Italia. Ukiingia Arusha kuna General Tyre, kiwanda cha matairi cha ubia na kampuni ya Kimarekani. Vyote kwenye barabara moja, safari ambayo ukipata dereva mwenye haraka hata usingizi haukolei.

Kuna mzee mmoja mteja wangu, alifanya kazi General Tyre enzi hizo, akija dukani namwachia kiti. Siku moja nikamuuliza.

"Shikamoo mzee. Hivi enzi zile mkifanya kazi na Wamarekani, na kule Hai wako Wabulgaria, hamkuwa mnaambiwa hawa ni maadui?"

"Marahaba mwanangu. Nani atuambie? Sisi tulikuwa tunauliza mashine ikiharibika spea inatoka wapi, basi. Ubepari hauwezi kukaza nati."

Nikamwambia mzee hiyo hoja ungeipeleka bungeni. Akacheka, akaniambia nimpunguzie bei ya oil filta.

Ila alichosema kina uzito kuliko alivyokikusudia. Kiongozi wa kikomunisti wa Bulgaria, Todor Zhivkov, aliangushwa Novemba 1989, na kiwanda cha Hai kikaja kulala miaka mingi kabla ya NDC, shirika la maendeleo la taifa, kukirudia. Kampuni mama ya Kimarekani ilinunuliwa na Continental ya Ujerumani 1987, na kiwanda cha Arusha kikafungwa 2009. Ulikuwa na milango mingi, sawa, lakini nyuma ya kila mlango funguo ilikuwa ya mtu mwingine. Mimi naona hapo ndo tulipokosea kama nchi, tulijua kuchukua kwa wengi, hatukujua kutengeneza spea.

Linganisha na Wafini. Finland nayo ni nchi ndogo, 1961 haikufika hata watu milioni tano, ina mpaka wa kilomita zaidi ya 1,300 na Warusi, walishapigana nao mara mbili na kupoteza ardhi. 1948 wakasaini mkataba wa urafiki na Moscow, na rais wao Urho Kekkonen, aliyekaa madarakani 1956 mpaka 1982, alikuwa na kazi moja kubwa, kuhakikisha Mrusi hana sababu ya kuvuka mpaka na huku biashara na Magharibi inaendelea. Nenda kaangalie kinu chao cha nyuklia cha Loviisa, kilianza kuzalisha 1977: mtambo wa Kisovieti, mifumo ya usalama na uendeshaji ya Magharibi. Ndege za kivita, MiG-21 za Mrusi na Draken za Msweden kwenye jeshi moja. Mafundi wake sijui walikuwa wanaweka vipi stoo, mimi mwenyewe ningechanganyikiwa. Lakini tofauti yao na sisi ni kwamba walijenga mitambo yao, karatasi zao, meli zao, matrekta yao ya Valmet ambayo mpaka huku kwetu yalifika yakalima.

Nao walilipa, msidhani. Oktoba 1961 Moscow ilipeleka barua ya kutaka mashauriano ya kijeshi, na Kekkonen ikabidi asafiri mpaka Siberia kuongea na Khrushchev ana kwa ana. Magazeti yao yalijifunza kupima maneno juu ya Warusi. 1973 bunge likapitisha sheria ya kumwongezea Kekkonen muda bila uchaguzi wa kawaida, kwa hoja kwamba ni yeye tu anayeaminika Moscow. Hiyo ni bili mbaya sana, maana inalipwa kwa mdomo wako mwenyewe ndani ya nyumba yako, na Afrika tunaijua vizuri ile hoja ya "bila huyu nchi itayumba". Balozi wao hapa Tanzania 1973 mpaka 1977, kwa wasiojua, alikuwa Martti Ahtisaari, aliyekuja kuwa rais wao na kupata Nobel ya amani 2008. Na Aprili 4, 2023, baada ya Urusi kuivamia Ukraine, Finland ikaingia NATO. Miaka yote ile ya kutembea juu ya kamba, siku moja wakahesabu wakaona haiwezekani tena. Mimi siwalaumu.

Laos nitaipita haraka maana inaumiza. Julai 1962 wakubwa wote walikaa Geneva wakasaini kwamba Laos ni nchi isiyoegemea upande. Wino ukakauka, Wavietnamu wa Kaskazini wakaendelea kupitisha silaha humo, na Wamarekani toka 1964 mpaka 1973 wakamwaga mabomu zaidi ya tani milioni mbili juu ya nchi ya wakulima wa mpunga. Mengine yako ardhini mpaka leo yanalipua watoto. Wale hawakuwa na cha kumkatalia mtu.

Turudi mlimani, kwenye kahawa, maana hapa ndo huwa nashindana na watu wanaosema vita baridi haikutuhusu sisi wa vijijini. Toka 1962 kulikuwa na mkataba wa kimataifa wa kahawa, kila nchi inayouza ina kiwango chake, bei inashikiliwa isianguke. Marekani, mnywaji mkubwa, alikubali kulipa zaidi kidogo, na sio kwa upendo, aliogopa wakulima wa Amerika ya Kusini wakiwa na njaa watafanya mapinduzi kama ya Castro kule Cuba. Kwahiyo babu yangu kule Kibosho, ambaye Castro hamjui, bei yake ilikuwa inashikiliwa na hofu ya Castro. Julai 1989 ile hofu ilikuwa imepoa, viwango vikavunjika, bei ya dunia ndani ya miezi michache ikashuka karibu nusu. Watu waliosomesha watoto kwa kahawa wakaanza kung'oa mibuni wapande nyanya na ndizi, wengine wakaiacha tu izeekee shambani. Hatukuwa upande wowote kwenye vita ile na bado iliisha na pesa yetu ya ada.

Na huo mfuko mtupu niliousema mwanzo ulishaanza kuonekana kabla. Bei ya mafuta ilipanda 1973 na tena 1979, katikati kuna vita ya Kagera tuliyoipigana kwa gharama zetu, huku lile taifa la kujitegemea likiwa limegeuka mojawapo ya nchi zinazopokea misaada mingi kabisa Afrika. IMF, shirika la fedha la kimataifa, wakaja na masharti. Waziri wa fedha alikuwa Edwin Mtei, mtu wa Marangu hapo juu, akaona tukubaliane nao, Mwalimu akakataa, Mtei akajiuzulu mwishoni mwa 1979. Hapa mlimani bado tunabishana nani alikuwa sahihi na sitegemei tutamaliza. Mimi naona wote wawili walikuwa wanaongelea uhuru, ila mmoja alikuwa ameangalia daftari la madeni. Foleni za sukari na sabuni zikafuata, na 1986, Mzee Mwinyi akiwa Ikulu, tukasaini. Mwalimu yule aliyewaambia Bonn chukueni pesa zenu, na nchi yake ikaja kusaini kwa sababu ya sabuni.

Machi 2, 2022 Umoja wa Mataifa ukapiga kura kuilaani Urusi kwa kuivamia Ukraine, nchi 141 zikasema ndio, 5 hapana, 35 zikajizuia. Angalia Jumuiya yetu ya Afrika Mashariki yenye makao makuu pale Arusha: Kenya na Rwanda ndio, Tanzania, Uganda, Burundi na Sudan Kusini wakajizuia. Jengo moja, bendera zimepangana pale mbele, na kwenye jambo kubwa kama hilo kila mtu na njia yake. Wengi kijiweni walisifia kujizuia kwetu, mimi nikawauliza, kwani kuna mtu alitutishia tukakataa? Kujizuia pekee hakukugharimu kitu siku ile, na mimi kitu kisicho na risiti huwa sikihesabu kwenye mauzo.

Kinachonifurahisha kwa sasa, na kunitia wasiwasi kidogo, ni ile ile reli. Septemba 2024 marais watatu, Samia, Hichilema wa Zambia na Xi Jinping, walishuhudia kusainiwa kwa makubaliano ya kuifufua TAZARA. Desemba mwaka huo huo Joe Biden akatua Angola kwa ajili ya reli ya Lobito, inayotaka kupeleka shaba ya Kongo na Zambia upande wa pili, bahari ya Atlantiki. Wakubwa wale wale, shaba ile ile. Na Zambia? Kwa Lobito walishasaini Oktoba 2023, na kwa TAZARA wamesaini. Kote kote. Wanacheza ule mchezo tuliocheza sisi na Bonn, Beijing na Washington miaka ya sitini, ila safari hii sisi ndo tumekaa upande wa wanaochaguliwa, na mwenye mzigo Kitwe kule Zambia hatauliza nani alikuwa rafiki wa Kaunda, atauliza behewa lake linakaa bandarini Dar siku ngapi.